Hospitali ilipwe kwa fakitire ao kwa mgonjwa aliyepona?

Makampuni mengi ya madini ya Haut-Katanga na Lualaba yako na karatasi moja ambayo watumishi wengi hawajapata kuiona. Si kontra ya kazi. Ni ile kontra ambayo kampuni ilitia mukono pamoja na hospitali ao kliniki, ili mtumishi, bibi yake na watoto wapate matunzo. Ndani yake kumeandikwa nani atatunzwa, wapi, na tena hospitali italipwa kwa njia gani.

Neno hilo la mwisho wengi wanalipita. Wanasema: "Kulipa ni kulipa, bora makuta ifike." Hapana. Namna ya kulipa inaongoza mukono wa munganga. Inaweza kufanya mtoto mwenye homa apimwe damu kwanza, ao awekewe serumu bila kupimwa. Inaweza kufanya mama mwenye mimba apasuliwe bila sababu, ao achelewe kupasuliwa wakati sababu iko wazi. Juu ya hiyo tunataka leo kueleza jambo ambalo wakubwa wa afya wanalizungumza katika inchi nyingi: kulipa hospitali kufwatana na matokeo, si kufwatana na urefu wa fakitire.

Tunalieleza sasa kwa sababu wakati umebadilika. Tangu mwezi wa 9 wa 2023 serikali yetu ilianza, kwa kutangulia na Kinshasa, kulipia wamama wanaozaa, na majimbo mengine yakafwata. Mwaka wa 2025 Marekani ilifunga USAID, ambayo ilikuwa inasaidia kazi nyingi za afya hapa kwetu. Makuta ikipungua, kila anayelipa anaanza kuuliza: ninanunua nini? Swali hilo likiulizwa na kampuni peke yake, jibu litakuwa la kampuni. Ni lazima watumishi na jamaa zao waulize pia.

Njia tatu za kulipa

Njia ya kwanza ni kulipa kila akti. Kuonana na munganga ina bei yake, kipimo bei yake, serumu bei yake, kitanda bei yake. Mwisho wa mwezi kliniki inatuma fakitire kwa kampuni. Uzuri wake ni kwamba kliniki haiogopi mgonjwa wa nguvu: akitumia dawa nyingi, dawa zote zitalipwa. Ubaya wake ni kwamba kliniki inapata zaidi kama mgonjwa anakawia kupona. Serumu tatu zinaleta makuta kuliko moja, na siku tano za kitanda kuliko mbili. Hatusemi waganga ni wabaya. Tunasema hesabu inawasukuma upande huo. Kiisha kampuni inaona fakitire inapanda, nayo inaanza kukata: dawa hii haiko tena kwenye liste, bono hii haina sinyatire, mtoto huyu hayuko kwenye karata. Anayeumia ni mama anayesimama mbele ya gishe.

Njia ya pili ni forfe. Kampuni inalipa kiasi fulani kwa kila kichwa, kila mwezi, mtu awe mgonjwa ao mzima. Hapa kliniki inapata faida kama watu hawagonjwi, na hilo ni jambo zuri: inaweza kutafuta chandarua, chanjo na maji safi kwa ajili ya watu wake. Lakini kuna mlango mwingine wa faida, nao ni kunyima. "Chukua paracetamol, urudi nyumbani, tutaona kesho." Kipimo kisichofanywa ni makuta inayobaki katika kasha ya kliniki.

Njia ya tatu ndiyo hii ya matokeo. Wanaoandika kontra wanakubaliana mbele: mgonjwa anapaswa kupata faida gani, tutaipima namna gani, na sehemu gani ya malipo itangoja kipimo hicho. Kliniki ikifikisha, inalipwa yote na pengine nyongeza. Isipofikisha, sehemu fulani inakatwa.

Tuchukue mfano. Tarakimu hizi ni zetu, za kufasiria tu. Kampuni ina watumishi 1,000, na pamoja na jamaa zao wanakuwa watu 6,000. Kampuni inakubali kulipa dola 10 kwa kila mtu kila mwezi, ni kusema dola 60,000. Katika kontra ya matokeo, dola 48,000 zinalipwa kila mwezi bila shida, ili mishahara na dawa visikosekane. Dola 12,000 zinangoja mwisho wa miezi mitatu. Hapo wanaangalia: wagonjwa wa homa waliopimwa malaria mbele ya kupewa dawa ni wangapi kwa 100? Wamama wenye mimba waliofika kipimo cha nne ni wangapi? Watu wa presha na wa sukari wanaofwata dawa bila kukatiza ni wangapi? Waliopasuliwa wakarudi na kidonda kibaya ni wangapi? Kufwatana na majibu, kliniki inachukua dola 12,000 zote za kila mwezi, ao nusu, ao hata moja.

Wengine walifanya namna gani

Huko Marekani, katika jimbo la Pennsylvania, hospitali za Geisinger zilianza mwaka wa 2006 kupasua wagonjwa wa moyo kwa bei moja iliyofungwa. Kama ndani ya siku 90 mgonjwa alirudi kwa sababu ya shida iliyotokana na ule upasuaji, hospitali ilimtunza bila kutuma fakitire mpya. Ni kama fundi wa mota anayekuambia: "Nimetengeneza, ikiharibika tena mbele ya miezi mitatu, ulete, sitalomba franga." Ili wasipoteze, waganga waliandika orodha ya mambo yote yanayopaswa kufanywa kwa kila mgonjwa, bila kuruka hata moja. Garanti iliwalazimisha kutumika vizuri tangu mwanzo.

Uingereza, mwaka wa 2007, ilikuwa zamu ya dawa. Velcade, dawa ya kansere ya damu, ilikuwa bei kali sana na serikali ilikuwa inakataa kuinunua. Kampuni iliyoitengeneza ilikubali: wagonjwa wajaribu mizunguko minne ya matunzo, yule ambaye dawa haikumfanyia kitu, gharama yake itarudishwa. Hivi wagonjwa wakapata dawa, na serikali haikulipa dawa isiyotumika ndani ya mwili wa mtu.

Katika mifano hii miwili, jambo linalopimwa liko wazi na linaonekana upesi. Siku 90 zinahesabika. Mizunguko minne inahesabika. Tuliweke hilo moyoni, maana tutalirudilia tukifika kwenye vumbi la shimoni.

Hapa kwetu ilianza zamani

Mtu asifikiri ni mambo ya wazungu tu. Katika miaka ya 2000 Kivu ya Kusini ilikuwa kati ya mahali pa kwanza Congo kujaribu njia ambayo watu wa afya wanaiita PBF, maana yake kulipa vituo vya afya kufwatana na kazi iliyoonekana. Kiisha, kwa projet PDSS ya Benki ya Dunia, njia hiyo iliingia katika majimbo 11, na Haut-Katanga, Lualaba na Haut-Lomami yalikuwa ndani.

Kazi inaenda hivi. Kituo cha afya kinatia sinyatire pamoja na shirika la kununua huduma, EUP-FASS. Kila huduma ina bei: mama aliyezalia kwenye kituo, mtoto aliyemaliza chanjo, mgonjwa wa kifua kikuu aliyemaliza dawa. Wakaguzi wanafungua registre na kuhesabu. Wengine wanapima ubora: kuna maji? kuna sabuni? dawa zimepangwa vizuri? Kiisha vyama vidogo vya kartie, vinavyoitwa ASLO, vinachagua majina katika registre na kwenda kuyatafuta nyumbani: huyu mama anaishi hapa kweli? alizalia kule kweli? alilipishwa ngapi? Jina lisiloonekana ni alama mbaya kwa kituo. Kipande hiki cha ASLO tunakipenda kuliko vyote, kwa sababu hapo anayeulizwa ni mgonjwa mwenyewe.

Ilileta faida? Jibu si moja. Jirani zetu wa Rwanda waliieneza katika inchi yote tangu 2006, na uchunguzi uliotangazwa mwaka wa 2011 ulionyesha kwamba kuzalia hospitalini kulipanda asilimia 23 katika vituo vilivyolipwa kwa njia hiyo, kuliko vile vilivyopata makuta bila masharti. Wamama wanaofikisha vipimo vinne vya mimba, lakini, hawakuongezeka.

Na Haut-Katanga yetu? Watafiti wawili, Elise Huillery na Juliette Seban, walifwata jaribio lililofanywa hapa hapa kuanzia 2010. Vituo vingine vililipwa kufwatana na idadi ya huduma, vingine vilipewa kiasi kilichofungwa. Wale wa kundi la kwanza walijikaza: walitangaza, walienda kwa watu, walishusha hata bei. Pamoja na hayo, wagonjwa hawakuongezeka kuliko kwa wenzao. Na makuta ya jaribio ilipokatika, moyo wa kazi ulishuka kwa wale waliozoea kulipwa kwa hesabu.

Sisi tunasoma hapo masomo mawili. La kwanza: enfirmie anaweza kujikaza, lakini kama mama hana franga ya taksi, ao barabara imekatika na mvua, hesabu ya kituo haitapanda. Kumlipa enfirmie kwa jambo lisilo mukononi mwake ni kumvunja moyo. La pili: ukimzoeza mtu kutumika kwa prime, usiikate gafula, maana utapoteza hata ule moyo aliokuwa nao mbele.

Kuna shida ingine ambayo kila mtu wa Congo anaijua: malipo yanayochelewa. Kuzaa bila kulipa ni kontra pia. Mfuko wa serikali unapaswa kulipa hospitali bei iliyokubaliwa kwa kila mama. Makuta ikifika, hospitali inafungua mlango. Ikichelewa, karani anaanza kulomba "kitu kiloko" cha gaze na cha alkoli, na bure inabaki jina tu. Kontra ya matokeo bila malipo ya wakati wake ni karatasi ya kufungia makala.

Vumbi halingoje mwisho wa kontra

Sasa tuingie shimoni. Wazee wetu wanakumbuka wakati wa Union Minière na wa Gécamines, wakati kampuni njo ilikuwa baba, njo mama. Hospitali ilikuwa ya kampuni, munganga alikuwa mtumishi wa kampuni, hakukuwa fakitire. Kampuni ilikuwa na faida kuona mtumishi mzima, juu mtumishi mgonjwa hachimbe. Lakini jengo lote lilisimama juu ya mguu mmoja. Gécamines ilipoanguka, dawa zilipotea pamoja na mshahara, na mwaka wa 2003 watumishi zaidi ya 10,000 waliondoka katika ile mpango ya "départs volontaires". Matunzo ya jamaa zao yaliondoka siku ile ile.

Leo sheria inabaki wazi. Code du travail ya 2002 inalazimisha mwajiri kutunza mtumishi na jamaa yake wakati wa ugonjwa, aksida, mimba na kuzaa, mpaka mwisho wa kontra ya kazi. Kutunza hakukatwe juu ya mavuno mabaya ya cobalt. Aksida za kazi na magonjwa ya kazi yanaingia pia katika mfuko wa CNSS. Kwa hiyo kontra ya matokeo haiwezi kupunguza haki hii. Inaweza tu kubadilisha namna hospitali inavyolipwa. Mtu akikuambia: "Sasa ni mfumo mpya, bibi yako haingii tena," anadanganya.

Hatari ya kwanza ya mfumo huu ni kuchagua wagonjwa. Kama kliniki inalipwa kwa wanaopona, njia rahisi ni kutunza wale watakaopona hata bila yeye, na kutuma mbali wale wa nguvu. Mzee wa sukari mwenye kidonda cha mguu anakuwa alama mbaya. Dawa ya shida hii inajulikana: kontra inapaswa kulipa zaidi kwa mgonjwa wa nguvu, na kukataza kurudisha mtu bila karatasi inayoeleza sababu.

Hatari ya pili ni siri. Ili kupima matokeo, mtu anaandika magonjwa. Kampuni inapaswa kuona tarakimu tu: wangapi walipimwa, wangapi walipona. Haipaswi kuona kwamba fulani wa ekipe ya usiku anakunywa dawa ya SIDA, ao fulani wa kuendesha kamyo ana presha. Jina likipita kutoka hospitali mpaka biro ya wakubwa wa kazi, matunzo yanageuka mtego, na watu watajificha na magonjwa yao.

Hatari ya tatu ni wakati, na hii ndiyo kubwa kwa mtu wa shimo. Vumbi la mawe linaingia katika mapafu leo, ugonjwa unaweza kuonekana kiisha miaka 10 ao zaidi, hata mtu alikwisha kuacha kazi. Mapafu yaliyokauka kwa silicose hayarudi, na anayeyabeba anashikwa kwa urahisi na kifua kikuu. Kontra ya kliniki ni ya mwaka mmoja ao miwili. Ukipima mwisho wa mwaka, kila mtu anaonekana mzima, kliniki inachukua nyongeza yake, na deni linabaki katika kifua cha mtumishi.

Kwa ugonjwa wa namna hii, kungoja matokeo ni kuchelewa. Ni lazima kulipa kwa ulinzi unaoonekana: radio ya mapafu kila wakati uliowekwa, kipimo cha pumzi, na mtumishi apewe jibu lake mukononi, karatasi yake mwenyewe. Na kampuni nayo ipimwe: vumbi mahali pa kazi ni kiasi gani, maji ya kunyunyiza iko, maski inabadilishwa? Munganga hawezi kukatwa makuta juu ya vumbi ambalo hakulileta. Hapa kontra inapaswa kuwa ya watu watatu: kampuni inapunguza vumbi, kliniki inatafuta ugonjwa mapema, mtumishi anafika kupimwa.

Delege aulize nini

Hatuna shauri la uchawi. Lakini delege wa sendika anayeingia kuzungumza convention collective anaweza kubeba maswali haya katika mfuko wake. Kontra ya hospitali iko wapi, na tunaweza kuisoma? Hospitali inalipwa kwa akti, kwa forfe ao kwa matokeo? Kama ni matokeo, ni yapi, na nani aliyachagua? Nani anahesabu: kliniki yenyewe, kampuni, ao mtu wa pembeni? Mtumishi na mama wa nyumba wanaulizwa pia, kama ASLO wanavyofanya? Mgonjwa akinyimwa, analalamika kwa nani, na anajibiwa kiisha siku ngapi? Watu wa sous-traitance, wanaotumika katika shimo moja na kumeza vumbi moja, wako kwenye liste moja ao wako inje?

Swali la mwisho lina uzito. Watumishi wengi wa leo wameandikwa kwa kampuni ndogo ya sous-traitance, na kontra zao ni za miezi michache. Kliniki inayolipwa kumlinda mtu kwa miezi sita haina faida ya kufikiri mapafu yake ya miaka 15 mbele. Sheria inamlazimisha mwajiri huyo mdogo pia kutunza. Ile kampuni kubwa inayompa kazi inaweza kuweka jambo hilo katika masharti yake: hakuna soko bila kontra ya hospitali.

Na creuseur? Yeye hana mwajiri, hana karata, hana bono. Kontra yake ni ile inayopita kwa kituo cha afya cha kartie. Hapo Code minier ya 2018 inampa mlango: kampuni inapaswa kutoa asilimia 0.3 ya mauzo yake kwa maendeleo ya wakaaji, na inatia sinyatire kwenye cahier des charges pamoja nao. Mara nyingi makuta ya namna hii inaonekana kwa matofali: santre mpya, rangi mpya, riboni inakatwa. Lakini ukuta hautoe mtoto malaria. Wakaaji wanaweza kulomba cahier des charges iandike pia kazi ya ndani ya ukuta: enfirmie yuko usiku, kipimo cha malaria hakikosekane, mama anayezaa usiku anapata gari la kumpeleka hospitali kubwa.

Kulipa kwa matokeo si dawa ya kila kitu. Kule ambako jambo linahesabika upesi, na malipo yanafika, na mgonjwa anaulizwa, njia hii imesaidia. Kule ambako ugonjwa unakawia, ao makuta inachelewa, ao shida iko barabarani si hospitalini, imeanguka. Juu ya hiyo delege asikimbilie jina zuri la kontra. Asome mstari mmoja mmoja, na kwa kila mstari aulize: mtumishi akigonjwa, nani anapoteza makuta? Kama jibu ni "mtumishi peke yake", kontra hiyo bado haijaiva.